Mlinganyo wa kipeo cha pili umegoma? Rudi nyuma uone ulipokwama

Jioni moja kijana wa Kidato cha Pili aliniwekea daftari mezani. Swali lilikuwa 3x² = 48. Chini yake alikuwa ameandika 3x = 6.928, na chini tena x = 2.309. Kipeuo cha pili cha 48 alikuwa amekisoma vizuri kwenye kitabu cha majedwali, kwenye kugawanya kwa 3 hakukosea hata tarakimu moja, na mwandiko ulikuwa msafi. Lakini jibu sahihi ni 4 au −4.

Nimeanza na daftari hilo kwa sababu kila hesabu iliyomo, ukiitazama peke yake, ilikuwa sawa. Kilichoharibika ni zamu: kipeuo kilitangulia mahali ambapo kugawanya kulipaswa kutangulia. Tangu nianze kufundisha twisheni nimeona makosa ya milinganyo hii yakirudi hapo hapo. Mwanafunzi anajua kujumlisha, anajua kugawanya, anajua kipeuo. Hajui kipi kianze. Ukilijua hilo, matatizo mengi yaliyo hapa chini unaweza kuyatibu mwenyewe.

Kabla ya tiba: soma mlinganyo ulivyojengwa

Chukua 3(x − 2)² − 7 = 41. Usianze kuutatua. Usome kwanza kama unamsimulia mtu yaliyompata x: palikuwa na namba x, ikatolewa 2, kilichobaki kikazidishwa chenyewe kwa chenyewe, kikazidishwa kwa 3, kikatolewa 7, ikapatikana 41.

Aliyewahi kupika pilau kwenye jiko la mkaa anajua kinachofuata. Wali uko ndani ya sufuria, juu yake kuna mfuniko, juu ya mfuniko kuna makaa. Makaa yaliwekwa mwisho, kwa hiyo ndiyo yanayoondolewa kwanza, kisha mfuniko, ndipo unaufikia wali. Ukivuta mfuniko makaa yakiwa bado juu, majivu yanaingia chakulani. Katika mlinganyo wetu −7 ndiyo makaa. Kila tendo unaliondoa kwa kinyume chake: kutoa kwa kujumlisha, kuzidisha kwa kugawanya, kipeo cha pili kwa kipeuo cha pili.

41, jumlisha 7, ni 48.
48, gawanya kwa 3, ni 16.
16, tafuta kipeuo cha pili, ni 4 au −4.
Jumlisha 2, ni 6 au −2.

Hakiki: 6 − 2 = 4, 4 × 4 = 16, 16 × 3 = 48, 48 − 7 = 41. Sasa −2: ukitoa 2 unapata −4, −4 × −4 = 16, na kuanzia hapo njia ni ile ile. Kuhakiki huku kunachukua nusu dakika, na ndiko kunakokuonyesha kama kuna kosa la kutafuta. Kila nitakapoandika dalili hapa chini, nachukulia kwamba ulihakiki na jibu likakataa, au umekwama katikati.

Dalili: jibu ni la desimali ndefu, na ukilirudisha halifiki

Hili ndilo la kijana wetu. Nilimwuliza kwa nini alianza na kipeuo. Akajibu kwa uhakika, "Mwalimu, nimefuata MAGAZIJUTO, nimeanza kutoka nyuma." Nikamwambia aiandike yote: mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Akaandika. "Sasa nionyeshe kipeo kiko wapi humo." Akaitazama kwa muda mrefu.

Hakimo. MAGAZIJUTO tunaimeza tukiwa shule ya msingi, na inatufaa sana, lakini haina herufi ya vipeo. Mwanafunzi anapokutana na 3x² inabidi abuni mwenyewe kipeo kinakaa wapi, na wengi wanabuni vibaya. Mahali pake ni baada ya mabano na kabla ya kugawanya na kuzidisha. Yaani katika 3x² ni x peke yake inayozidishwa kwa yenyewe, halafu ndipo 3 inaingia. Tatu haikuguswa na kipeo. Kama ingeguswa, tungeandika (3x)².

Ukishajua hivyo, kurudi nyuma ni kuisoma MAGAZIJUTO kutoka kulia kwenda kushoto huku ukikumbuka kukipa kipeo nafasi yake: kwanza ondoa kilichojumlishwa au kutolewa, kisha kilichozidisha au kugawanya, kisha kipeo, na mwisho kabisa fungua mabano. Kwa 3x² = 48: gawanya kwa 3, x² = 16, x = 4 au −4. Kwa (3x)² = 48 zamu zinabadilika: kipeuo kwanza, halafu gawanya kwa 3, na hapo ile 2.309 ya kijana ingekuwa sahihi, pamoja na mwenzake −2.309. Nilimwonyesha hilo makusudi, ajue kwamba alikuwa ametatua vizuri swali ambalo hakuulizwa.

Kosa hili lina ndugu yake mbaya zaidi. Mwanafunzi anapewa x² + 9 = 25, anaandika x + 3 = 5, x = 2. Amegawia kila kipande kipeuo chake. Rudisha: 2 × 2 + 9 = 13, siyo 25. Kipeuo hakigawanyiki juu ya alama ya kujumlisha. Ukitaka kuamini, tazama kipeuo cha pili cha 9 + 16. Ukijumlisha kwanza ni kipeuo cha 25, yaani 5. Ukikigawa kipande kipande unapata 3 + 4, yaani 7. Haviwezi kuwa kitu kimoja. Kwa hiyo toa 9 pande zote, x² = 16, halafu ndipo kipeuo kifanye kazi yake kikiwa peke yake na x².

Dalili: umepata jibu moja, kitabu kina mawili

Namba gani ukiizidisha kwa yenyewe unapata 16? Nne, ndiyo. Lakini hasi nne pia. Anayekwenda mbele hupoteza habari: ukishafika 16 huwezi kujua kama ulitokea upande wa chanya au wa hasi. Anayerudi nyuma inambidi afuate njia zote mbili. Bhaskara, mwanahisabati wa India wa karne ya 12, alilisema hili waziwazi: kipeuo cha namba chanya ni viwili, kimoja chanya na kimoja hasi.

Kuna utata wa alama hapa unaowasumbua hata wanafunzi wazuri. Alama √16 ikisimama peke yake maana yake ni 4 tu, kile kipeuo chanya. Ni makubaliano. Lakini swali x² = 16 halina alama hiyo, linauliza namba zote zinazofaa, na zinazofaa ni mbili. Ndiyo maana tunaandika x = ±√16: ile ± tunaiweka sisi kwa sababu √ haiji nayo.

Ninachokiona mara nyingi kuliko kusahau ± ni kuichelewesha. Kwenye 3(x − 2)² − 7 = 41 mwanafunzi anafika (x − 2)² = 16, anaandika x − 2 = 4, x = 6, kisha anakumbuka na kubandika ± mwishoni: x = ±6. Rudisha −6: −6 − 2 = −8, −8 × −8 = 64, mara 3 ni 192, ukitoa 7 ni 185. Mbali na 41. Alama ± ina mahali pamoja tu, nao ni mstari ule ule ulioondoa kipeo. Andika hapo hapo, na ikiwa bado kuna hatua mbele yako, gawa karatasi sehemu mbili: kushoto x − 2 = 4, kulia x − 2 = −4. Kila upande umalize safari yake.

Jaribu na (2x + 1)² = 49. Kushoto 2x + 1 = 7, x = 3. Kulia 2x + 1 = −7, 2x = −8, x = −4. Majibu mawili hayafanani kwa chochote, na ndivyo inavyokuwa kila mara kunapokuwa na kitu kilichojumlishwa ndani ya mabano.

Dalili: x² = 36, umepata 18

Hapa kipeo cha pili kimesikika kama "mara mbili". Siyo uvivu wa mwanafunzi. Neno "pili" liko pale pale likimvuta. Na kipeo na kipeuo vyenyewe vinatofautiana kwa herufi moja, ilhali kimoja ni kinyume cha kingine. Tiba ni ya mkono: kwa wiki moja usiandike x², andika x · x. Ukiona x · x = 36 mkono haukimbilii kugawanya kwa 2.

Dalili: alama imebadilika isipopaswa

Mwanafunzi anapewa −2x² = −50. Anaandika x² = −50 + 2, x² = −48, anakwama. Ukimwuliza anasema, "Mbili imevuka, imebadilika alama."

Nina ugomvi wa muda mrefu na msemo huu wa kuvuka. Unafundishwa kwa nia njema, kwa kuwa ni wa haraka, na unafanya kazi kwa kujumlisha na kutoa. Lakini hausemi kwa nini, kwa hiyo mwanafunzi anaupeleka hata kwenye kuzidisha. Hakuna namba inayovuka alama ya sawasawa. Kinachotokea ni kwamba unafanya tendo moja pande zote mbili ili mizani isilale. Kwenye x² − 7 = 42 unajumlisha 7 huku na 7 kule; −7 + 7 ni sifuri, ndiyo maana inaonekana kama imehama. Kwenye −2x² = −50, ile −2 imezidisha, na kinyume cha kuzidisha ni kugawanya. Gawanya pande zote kwa −2, yote ikiwamo alama yake: x² = 25, x = 5 au −5.

Kama umezoea kuvuka na unaogopa kuacha, andika tendo pembeni mwa kila mstari, mfano "÷ (−2) pande zote". Likishaandikwa huwezi kulichanganya.

Dalili: umefika kwenye kipeuo cha namba hasi

Usikate swali lote. Kuna mambo mawili tu, na ni rahisi kuyatenganisha. La kwanza, huenda ulikosea alama hapo juu, kama kwenye ule mfano wa −48. Panda mstari mmoja mmoja ukiangalia. La pili, huenda mlinganyo wenyewe ndivyo ulivyo. x² + 20 = 4 unakupa x² = −16, na hakuna namba halisi ambayo ukiizidisha kwa yenyewe inaleta hasi. Jibu hapo ni "hakuna suluhisho katika namba halisi", nalo ni jibu kamili. Kadhalika (x − 5)² = 0 ina jibu moja tu, 5, kwa sababu sifuri haina upande wa hasi.

Dalili: kipeuo hakiishi, unadhani umekosea

x² = 20. Hakuna kosa. Vipeuo vingi si namba nzima. Unaweza kuacha ±√20, au ±2√5, au kuandika takribani ±4.472.

Kama huruhusiwi kikokotoo, kuna mtego kwenye vitabu vya majedwali. Vipeuo vya pili vina jedwali mbili, moja kwa namba za 1 hadi 10 na nyingine kwa 10 hadi 100. Ukitafuta kipeuo cha 20 ukaingia kwenye ile ya kwanza utasoma 1.414, ambacho ni kipeuo cha 2. Tatizo linakuwa kubwa kwa namba kama 200: nimeona 44.72 ikiandikwa bila wasiwasi. Gawa tarakimu mbili mbili kuanzia kwenye nukta ya desimali: 200 inakuwa 2|00, fungu la kwanza ni 2, kwa hiyo unasoma jedwali la 1 hadi 10 na kupata 14.14. Kisha pima kwa kichwa: 14 × 14 = 196, 15 × 15 = 225, kwa hiyo jibu lazima liwe kati ya 14 na 15. Kipimo hicho cha kichwa kinafaa pia kwa desimali: kipeuo cha 0.4 si 0.2, maana 0.2 × 0.2 ni 0.04.

Wenye kikokotoo nao wana mtego wao, na huu unaniuma zaidi kwa sababu unamnyang'anya mwanafunzi jibu lililo sahihi. Amepata x = 4 au −4 kwa x² + 9 = 25. Anahakiki −4, anabonyeza −4² + 9, kikokotoo kinasema −7. Anafuta jibu. Kumbe vikokotoo vingi vinaisoma −4² kama hasi ya 4², kwa zile zile zamu za matendo tulizozisema. Bonyeza (−4)² + 9, pamoja na mabano, utaona 25.

Dalili: kadiri unavyofanya kazi, mlinganyo unazidi kuwa mrefu

Ulifungua mabano. (x − 2)² = 16 imekuwa x² − 4x + 4 = 16, na sasa x iko mahali pawili. Kurudi nyuma kunahitaji x iwe moja, maana unamfuata mtu mmoja kwenye njia moja. Mabano yaliyo na kipeo yaache yalivyo mpaka kipeuo kiyafungue. (Na kama uliyafungua ukaandika x² − 4, una matatizo mawili: (x − 2)(x − 2) ina vipande vinne, siyo viwili.)

Ila wakati mwingine swali lenyewe linakuja na x mbili. Mfano wa kale ni x² + 10x = 39, aliouandika al-Khwarizmi kule Baghdad katika karne ya 9, yule ambaye neno aljebra limetokana na jina la kitabu chake. Hapa njia yetu imezibwa: ukitaka kuondoa 10x utaiweka wapi? Yeye alichora. Chora mraba wenye pande x na x. Ile 10x ikate vipande viwili vya 5 kwa x, kimoja kibandike kulia kwa mraba, kingine chini. Utaona umepata karibu mraba mkubwa wenye pande x + 5, isipokuwa kona moja ni tupu. Kona hiyo ni 5 kwa 5, yaani 25. Ijaze, na kwa kuwa umeongeza 25 huku, ongeza 25 kule: (x + 5)² = 64.

Sasa x ni moja tena na njia imefunguka. x + 5 = 8 au x + 5 = −8, kwa hiyo x = 3 au −13. Al-Khwarizmi alitoa 3 peke yake, kwa sababu alikuwa akihesabu pande za maumbo, na hakuna upande wenye urefu wa hasi 13. Nakushauri uchore hata kama unajua kanuni. Ukiiona ile kona tupu kwa macho, hutauliza tena 25 imetoka wapi.

Dalili: majibu yote mawili yanahakikika, lakini swali la maneno linataka moja

Hapa hakuna kosa la hesabu. Mlinganyo haujui unazungumzia nini; wewe unajua. Nazi ikianguka kutoka mita 20 juu ya mnazi, kwa kukadiria tunaandika 5t² = 20, ambapo t ni sekunde. Gawanya kwa 5, t² = 4, t = 2 au −2. Sekunde hasi mbili ni kabla nazi haijakatika, kwa hiyo unaikataa, na unaandika sababu ya kuikataa. Msahihishaji anataka kuiona sababu hiyo.

Usizoee, hata hivyo, kutupa hasi bila kufikiri. Swali likisema "namba moja ukiizidisha kwa yenyewe kisha ukaongeza 6 unapata 55", majibu ni 7 na −7, yote mawili.

Na kuna mahali hasi inajificha. Mtu ameweka shilingi 100,000 kwenye akiba, faida inaongezwa mwisho wa kila mwaka juu ya fedha yote, na baada ya miaka miwili anakuta 121,000. Kiwango cha faida kwa mwaka ni kipi? Mlinganyo ni 100,000(1 + r)² = 121,000. Usifungue mabano. Gawanya kwa 100,000: (1 + r)² = 1.21. Kipeuo: 1 + r = 1.1 au −1.1. Toa 1: r = 0.1 au r = −2.1. Ile ya pili ingekuwa hasara ya asilimia 210 kwa mwaka, yaani akiba imepotea yote na bado mtu anadaiwa, wakati fedha yake imeongezeka. Inabaki 0.1, asilimia 10. Hakiki kwa kwenda mbele: mwaka wa kwanza 110,000, na asilimia 10 ya hizo ni 11,000, kwa hiyo mwaka wa pili 121,000.